Kielelezo B

Mimi ndiye niliyeipiga chapa hukumu ile,
nakala nne, kaboni tatu,
ya mwisho hafifu kama mtu anayesema kaziba mdomo.
Shauri la mapitio, Mahakama Kuu, Tanga:
Mbaruku Shekue na wenzake wawili
dhidi ya Kamati ya Ugawaji.

Mbaruku alikuwa na duka la kaya, Barabara ya Kumi na Tatu.
Mafuta ya taa yalikuja Jumanne, mapipa manne,
bei ya serikali, lita mbili kwa kadi.
Pipa moja halikuwahi kuuona mlango wa duka.
Lilishukia Pongwe usiku,
likachanganywa na dizeli tumboni mwa lori la mkonge.
Hilo hata yeye hakulikana.

Kamati ilikaa robo saa.
Leseni ifutwe, milele.
Dhamana itaifishwe.
Duka litiwe kufuli, mchele ukiwa ndani.
Na mkewe asipewe leseni, wala wanawe, wala shemeji.
Tarishi alipeleka barua kwa baiskeli,
akamkuta Mbaruku Bombo, amelazwa,
akaiweka juu ya bakuli la uji.

Jaji alivua miwani. Aliuliza neno moja:
"Mlimwita?"
Wakili wa serikali akapekua faili
mbele, nyuma, akalikung'uta kidogo
kama atafutaye sindano kwenye shuka.
"Mheshimiwa, kosa lilikuwa wazi."
"Sijauliza kosa. Mlimwita?"

Nikapiga: hata mwizi ana mdomo.
(Jaji alilikata hilo, akaandika kwa wino:
kila mtu ana haki ya kusikilizwa.
Mimi nalipenda lile la kwanza.)
Nikapiga: Bi Mwanasha Kaniki wa Makorora,
ambaye pipa lake lilivuja lita kumi na moja
akaadhibiwa sawasawa na aliyeuza pipa zima,
arudishiwe leseni leo.
Nikapiga: Mbaruku arejee mbele ya Kamati,
asikilizwe upya, na adhabu ipimwe kwa kosa,
si kwa hasira.

Ni haki. Nasema ni haki, na vidole vyangu ni mashahidi,
havikukosea hata herufi.

Ila nami nina kadi.
Namba 0417, imeliwa pembe,
duka: la Mbaruku.
Miezi ile mwanangu Mhina alifanya hesabu zake
kwa mwanga wa dirisha la jirani,
kasimama nje, daftari kaliegemeza ukutani,
mpaka jirani alipopuliza kibatari,
maana naye alikuwa akibania.
Katika shauri hili sikuwa mlalamikaji
wala mlalamikiwa.
Wala sikuitwa.

Saa tisa na nusu wote walikuwa wameshaondoka.
Nikafungua stoo ya vielelezo kurudisha faili.
Kielelezo A, daftari la mauzo.
Kielelezo B, kipimo cha bati, lita moja,
mhuri wa Vipimo na Mizani kwenye mkono wake.
Jina lake nililipiga chapa mara thelathini,
chenyewe sijawahi kukigusa.
Nikatia kidole. Kitako kimepandishwa:
nta, imemiminwa ikasawazishwa vizuri,
kazi ya fundi asiye na haraka.
Nikakijaza maji, nikayamimina
kwenye chupa ya lita iliyobaki mezani kwa jaji.
Pengo: vidole vitatu.

Vidole vitatu, mara mbili, mara kila Jumanne,
mara kadi za mtaa mzima.
Nilianza kuhesabu, nikaacha.
Mambo ya pipa yalisemwa siku nne.
Ya vidole vitatu hakuna aliyeyauliza,
si Kamati iliyokuwa na hasira,
si jaji aliyekuwa na haki.

Nikakipangusa kipimo kwa upindo wa kanga,
nikakirudisha pale pale, lebo ikitazama nje.

Shauri litasikilizwa tarehe kumi na nne.
Hati za wito ni kazi yangu.
Nimeshaingiza karatasi kwenye mashine.
Chini ya jina la shahidi wa mwisho
imebaki nafasi ya mstari mmoja.